Nani Aliamuru Paka Wafe?

Kuna riwaya ya watoto inayoitwa The Emergency Zoo, kazi ya mwandishi Mwingereza Miriam Halahmy, iliyotoka 2016. Hadithi yenyewe si ngumu. Ni mwisho wa kiangazi cha 1939, vita vimefika mlangoni, na wasichana wawili wa miaka kumi na miwili, Tilly na Rosy, wanajua kwamba karibuni watapakiwa kwenye treni wapelekwe mashambani, mbali na mabomu. Mbwa hana nafasi kwenye hiyo treni. Paka naye hana. Kisha wanagundua kwamba wanyama wao wanatarajiwa kupelekwa kwa daktari, na si kwa matibabu. Basi wanawaficha kwenye kibanda kilichoachwa msituni. Na kwa vile siri ya watoto haijui kutulia, habari inazunguka mtaani, yaani ule mtaa wa watoto ambao wazazi huwa hawauoni, na mmoja baada ya mwingine wanafika kibandani, kila mtu na mnyama wake.

Msomaji asiyejua historia anaweza kudhani huyu mama ametia chumvi ili watoto walie. Kumbe yaliyotokea kweli yalikuwa mabaya zaidi, na mabaya kwa namna ya ajabu kidogo.

Uingereza ilitangaza vita dhidi ya Ujerumani Jumapili, tarehe 3 Septemba 1939. Katika wiki ile ya kwanza, London peke yake, paka na mbwa wasiopungua 400,000 waliuawa. Hiyo ni hesabu ya mwanahistoria Hilda Kean, ambaye alikiandikia kisa hiki kitabu kizima, The Great Cat and Dog Massacre, mwaka 2017. Anakadiria kwamba ilikuwa kama asilimia 26 ya paka na mbwa wa jiji lile. Waandishi wengine hutaja 750,000 kwa nchi nzima. Chukua namba ndogo ukipenda. Bado ni robo ya wanyama wa jiji, kwa siku chache, na waliowabeba kuwapeleka ni wenyewe: baba na mbwa kwenye kamba, mama na paka ndani ya kikapu, wakapanga foleni nje ya zahanati za wanyama kama watu wanaongoja mkate.

Foleni zilikuwa ndefu. Klorofomu ilianza kuadimika. Miili ilikuwa mingi hadi tanuri za kuichomea zikazidiwa, na usiku hazingeweza kuwashwa kwa sababu ya amri ya kuzima taa zote ili ndege za adui zisipate shabaha. Shirika la PDSA, lililoanzishwa na Maria Dickin mwaka 1917 ili kuwatibu wanyama wa maskini bure, lilikuwa na kiwanja huko Ilford, mashariki mwa London. Hicho kiwanja kikageuzwa kaburi. Inasemekana wamezikwa pale wanyama kama nusu milioni. Hebu fikiria wafanyakazi wa mahali kama hapo: umeajiriwa kumfunga bendeji mbwa wa fundi viatu, na ghafla kazi yako ni hii.

Na bomu halikuwa limeanguka. Hata moja. Ndege za Ujerumani hazikuanza kuipiga London mfululizo hadi tarehe 7 Septemba 1940, mwaka mzima na siku nne baadaye.

Swali la kwanza linalomjia mtu ni nani aliamuru. Hapa ndipo kisa kinaponishika mimi, kwa sababu hakuna aliyeamuru. Ukitafuta sheria huipati. Polisi hawakupita nyumba kwa nyumba wakiuliza kama kuna paka. Hakuna mtu aliyeshtakiwa kwa kubaki na mbwa wake, na wengi walibaki nao vita vyote bila shida. Watoto wa riwaya ya Halahmy wanajificha na wanyama wao kama wahalifu, ilhali katika vitabu vya sheria hawakuwa wanavunja chochote.

Kilichokuwepo ni karatasi. Miezi ile kabla ya vita serikali ilikuwa imeunda kamati ya kushughulikia wanyama wakati wa mashambulizi ya ndege, iliyojulikana kwa kifupi kama NARPAC. Kamati ikatoa ushauri kwa wenye wanyama, ukachapishwa kwenye vijitabu na magazeti. Ushauri ulianza vizuri tu: ukiweza, mpeleke mnyama wako mashambani mapema, ukishindwa, mwachie jirani. Halafu, kwa lugha laini kabisa, ukamalizia kwamba kama haya yote hayawezekani, basi huruma ya kweli ni kumwua. Na kwenye kijitabu hichohicho kulikuwa na tangazo la bastola maalum ya kuulia wanyama, likiisifu kwa wepesi wake. Sijui aliyepanga ukurasa ule alikuwa anawaza nini.

Sasa, ushauri si amri. Lakini hebu msome ule ushauri kama mtu wa kawaida wa East End, mwenye chumba kimoja na nusu, mshahara wa wiki, na hana shangazi mwenye shamba. Kumpeleka mnyama mashambani hawezi. Jirani yake ana shida zilezile, tena labda naye ana paka wake. Milango miwili ya kwanza imefungwa kabla hajaigusa. Unabaki ule wa tatu, na umeandikwa neno huruma.

Tena kulikuwa na milango mingine. Watoto walipoanza kuhamishwa tarehe 1 Septemba, watu kama milioni moja na nusu waliondoka mijini kwa siku tatu, na kila mtoto alikuwa na orodha ya vitu vya kubeba: barakoa ya gesi, nguo za kubadilisha, kitambulisho cha karatasi kilichofungwa kwenye koti. Mnyama hakuwa kwenye orodha. Mahandaki ya umma ya kujikinga na mabomu hayakuruhusu wanyama. Serikali ilikuwa imegawa barakoa za gesi milioni 38 tangu mwaka 1938, na hakukuwa na hata moja ya mbwa. Mgao wa chakula ulipoanza Januari 1940, paka hakupewa kadi. Kila mlango ulikuwa na sababu yake, na kila sababu ukiisikiliza peke yake ina maana. Ukizijumlisha ndipo unaona kwamba mnyama amepigwa marufuku bila mtu yeyote kutamka neno marufuku.

Mtu aliyewahi kupanga Nairobi anaielewa hii hesabu haraka. Landlodi hakuambii uue paka. Anasema tu hakuna wanyama kwenye ploti. Kazi ya kujua paka anaenda wapi ni yako.

Lakini tusiwaonee watu wa 1939 kwa kujua sisi yale ambayo wao hawakuyajua. Waliogopa kitu halisi. Wameona picha za Guernica, mji wa Uhispania uliopigwa mabomu mwaka 1937. Wengi wao walipigana au walifiwa kwenye vita vya kwanza, na gesi ya sumu kwao haikuwa hadithi. Kulikuwa na mzee kila mtaa aliyekohoa kwa ajili yake. Wataalamu wa serikali walitabiri kwamba siku za mwanzo tu zingeleta maiti kwa makumi ya maelfu. Mtu mwenye picha hiyo kichwani anamtazama mbwa wake na kuona mbwa aliyechanganyikiwa, akikimbia katikati ya moto, au akifukiwa chini ya matofali siku tatu. Anasema afadhali leo, mikononi mwangu. Siwezi kumwita huyo mtu katili. Hata bustani kuu ya wanyama ya London ilifungwa siku vita vilipotangazwa. Nyoka wenye sumu wakauawa wasije wakatoroka bomu likianguka, na panda na tembo wakahamishiwa Whipsnade, mashambani. Ona basi: panda alipata shangazi wa shamba. Paka wa East End hakupata.

Waingereza wana namna yao ya kusema jambo hili. Hawasemi mnyama ameuawa, wanasema amelazwa. Neno hilo lilifanya kazi kubwa sana wiki ile, hasa mbele ya watoto. Kiswahili chetu hakina adabu hiyo. Ng'ombe anachinjwa, mbwa mwenye kichaa anauawa, na mtoto anaambiwa hivyohivyo. Sisemi sisi ni wema kuliko wao. Lakini ukimwambia mtoto paka ameuawa, atauliza nani amemwua na kwa nini. Ukimwambia amelala, swali linakosa mahali pa kushika.

Na wapo waliopinga, tusiwasahau. Ajabu ni kwamba wengi wao walikuwa ndio hasa wenye kazi ya wanyama. RSPCA, PDSA na nyumba ya mbwa ya Battersea waliwasihi watu wasubiri. Battersea walikuja kulisha na kutunza mbwa kama 145,000 kabla vita havijaisha. Nina, Duchess wa Hamilton, tajiri aliyekuwa ametumia miaka mingi akipigania wanyama, alifungua shamba lake la Ferne huko Wiltshire, na mamia ya wanyama kutoka London wakapelekwa kule. Novemba 1939 mtangazaji wa BBC, Christopher Stone, alisema redioni kwamba kumwua rafiki mwaminifu bila haja ni kuiachia vita iingie nyumbani mwako. Alisema kweli, ila foleni zilikuwa zimekwisha wiki nyingi.

Sauti ya watoto ndiyo husikii. Hakuna aliyewauliza. Wengi walikuwa tayari kwenye treni wakati kikapu kinatolewa kabatini, na waliobaki waliambiwa waende shuleni, au wacheze nje, wakarudi wakakuta sahani ya paka imeoshwa na kuwekwa pamoja na vyombo vingine. Wazazi wao hawakuandika sana. Hakuna sanamu, hakuna siku ya kumbukumbu, na katika simulizi ambazo Waingereza wanapenda kujisimulia kuhusu vita vile, za ushupavu na chai ndani ya handaki, wiki hii haimo. Kumbukumbu zilizobaki zimekuja kwa sehemu kubwa kupitia familia, kwa watu waliokuwa wadogo mwaka 1939 na wakazeeka na jina la mbwa mmoja.

Ndiyo maana naona Halahmy alifanya jambo la maana, na si la kufariji tu. Kitu cha kwanza riwaya yake inachowapa watoto ni taarifa. Tilly na Rosy wanajua kinachopangwa. Ukishajua, unaweza kuficha. Mtoto halisi wa 1939 alinyimwa hata nafasi ya kukaidi. Kitu cha pili ni hesabu ya watu wengi: mzazi mmoja mmoja, kila mmoja jikoni kwake, alifikia uamuzi uleule akiwa peke yake, lakini watoto wa riwaya wanafikia wao wakiwa kikundi. Mmoja ana chakula, mwingine anajua msitu, mwingine ana kaka wa kulinda zamu. Ule mlango wa pili, wa jirani, uliokuwa umefungwa kwa wazazi, watoto wanaufungua kwa sababu kwao jirani ni mtu wa kucheza naye kila siku. Mtu anaweza kulalamika kwamba ni ndoto. Watoto wa miaka kumi na miwili watalisha wanyama hadi lini? Ni kweli. Lakini kumbuka kwamba mabomu hayakuja mwaka mzima. Ndoto ya watoto ilikuwa na mahesabu bora kuliko ya wazazi, japo kwa bahati.

Kuna jambo jingine linalofanya kisa hiki kisiwe cha Uingereza peke yake. Kati ya Desemba 1938 na Septemba 1939, watoto kama 10,000, wengi wao Wayahudi, waliletwa Uingereza kutoka Ujerumani, Austria na nchi za jirani, bila wazazi wao. Halahmy ana riwaya nyingine, Saving Hanno, inayomfuata mvulana mmoja wa namna hiyo na mbwa wake. Watoto wale walijua tayari kitu ambacho watoto wa London walikuwa bado hawajajua, kwamba serikali inaweza kuanza na vitu vidogo vya nyumbani mwako. Na huko walikotoka, marufuku ya wanyama ilikuja kuwa marufuku ya kweli, yenye tarehe na muhuri.

Mei 1942 Wayahudi waliobaki Ujerumani walipigwa marufuku kufuga mbwa, paka wala ndege. Tunayo habari hii kwa ukaribu sana kwa sababu ya Victor Klemperer, profesa wa Dresden aliyenusurika kwa kuwa mke wake Eva hakuwa Myahudi, na ambaye aliandika shajara kwa siri vita vyote, akijua kwamba ikikamatwa ni kifo. Walikuwa na paka dume aitwaye Muschel, wa zaidi ya miaka kumi na moja. Amri haikuruhusu hata kumpa mtu mwingine. Soma tena hapo: mlango wa jirani, ambao London ulikuwa mgumu, Dresden ulifungwa kwa sheria. Eva alimpeleka Muschel kwa daktari wa wanyama mwenyewe, kwa sababu kumsubiri achukuliwe na serikali kungekuwa kubaya zaidi. Klemperer alikuwa ameshavumilia kupokonywa kazi, nyumba, gari, na haki ya kuingia maktaba. Ukisoma kurasa zile unaona kwamba paka alimgusa mahali ambapo mengine yote hayakufika.

Wiki chache baadaye, tarehe 6 Julai 1942, huko Amsterdam, msichana wa miaka kumi na mitatu alitoka nyumbani asubuhi ya mvua akiwa amevaa nguo juu ya nguo, akaelekea mafichoni na familia yake. Paka wake, Moortje, alibaki, na maagizo yakaachwa kwamba apelekwe kwa majirani. Msichana ni Anne Frank, na katika siku zilizofuata alimkumbuka paka yule mara nyingi. Mvulana aliyejiunga nao baadaye, Peter, alikuja na paka wake, Mouschi, hadi ndani ya maficho. Sasa hiyo ndiyo zuu ya siri halisi, isiyo ya riwaya: watu wanane wasiotakiwa kusikika wala kuonekana, pamoja na mnyama mmoja ambaye hakuna anayeweza kumfundisha kunyamaza. Busara ingesema paka ni hatari. Hakuna aliyemtoa.

Nikiweka London na Dresden kando kwa kando, sitaki kusema ni sawa. Si sawa hata kidogo. Klemperer hakuwa na la kuchagua, na waliomfanyia vile walikuwa njiani kufanya makubwa kuliko paka. Mtu wa London alikuwa na nafasi ya kungoja wiki mbili aone. Lakini ni hicho hasa kinachoumiza katika kisa cha London. Dresden unaweza kumtaja aliyefanya. London unabaki na kijitabu, foleni, na watu wema wenye vikapu.

Walikuja kujua haraka. Kufikia Januari 1940 watoto wengi waliohamishwa walikuwa wamerudi mjini, kwa kuwa mabomu hayaji na mashambani kuna baridi na wenyeji wasiotabasamu. Walirudi kwenye nyumba zisizo na paka. Magazeti tayari yalikuwa yameanza kulalamika kuhusu panya. Baadaye serikali yenyewe ikatambua kwamba paka wanaolinda maghala ya chakula wanafanya kazi ya taifa, ikawaruhusu maziwa ya unga yaliyoharibika, yale yasiyofaa tena kwa binadamu.

Na mabomu yalipokuja kweli, vuli ya 1940, mlinzi mmoja wa mashambulizi ya anga huko Poplar, mashariki mwa London, alimkuta mbwa koko akizurura kwenye vifusi baada ya shambulio. Akamtupia kipande cha chakula, na mbwa akagoma kuondoka. Wakamwita Rip. Hakufundishwa na mtu. Alianza tu kunusa mahali watu walipofukiwa na kukwaruza hadi wachimbaji waje, na inahesabiwa kwamba alisaidia kupatikana kwa watu zaidi ya mia moja. Mwaka 1945 alipewa nishani ya Dickin, ile inayobeba jina la Maria wa zahanati za maskini. Alikufa 1946, akazikwa Ilford, kwenye kiwanja kilekile cha PDSA, na jiwe lake lina jina.